Uyoga Mdogo wa Mchwa: Namna ya Kuutambua, Kuuchuma, na Kukaa na Wenyewe Wanaoulima

Masika yakisha kuanza, mvua ikanyesha siku mbili tatu mfululizo na jua likatoka, ondoka asubuhi mapema ukalizunguke shamba lako. Huenda ukaona mahali fulani, katikati ya mahindi machanga au ukingoni mwa njia ya ng'ombe, ardhi imekuwa nyeupe kana kwamba mtu amemwaga unga. Ukiinama utaona kwamba si unga. Ni uyoga, tena mdogo sana, umesongamana kwa mamia, kila mmoja una kofia isiyozidi upana wa kucha ya kidole gumba, na mguu mwembamba kama njiti ya kiberiti. Jana haukuwapo. Kesho kutwa hautakuwapo.

Wakulima wengine huukanyaga wakapita. Wengine huita watoto waje na ungo, wauchume kuwa kitoweo. Wengine tena, wakiuona, huenda nyumbani kuchukua dawa ya wadudu na kuimwaga penye kichuguu kilicho karibu, kwa kuwa wamekwisha jua kwamba mchwa wapo. Kila mmoja ana sababu yake. Lakini ikiwa jirani mmoja anamwaga dawa, na watoto wa jirani wa pili wanachuma uyoga mahali pale pale, jambo hili si dogo tena. Ndiyo sababu tumeona yafaa kuandika maneno haya kwa wakulima wa miteremko ya Mlima Meru, kuanzia Olmotonyi na Ngaramtoni, kushuka mpaka nchi kavu ya Kisongo na Oljoro, ambako joto ni zaidi na vichuguu ni vingi.

JINA LAKE

Wataalamu wa mimea wanauita Termitomyces microcarpus. Jina la kwanza maana yake ni uyoga wa mchwa, na la pili maana yake ni wenye tunda dogo. Waingereza wawili, Berkeley na Broome, waliuandika kwa mara ya kwanza katika mwaka 1871, kutokana na uyoga uliochumwa katika kisiwa cha Ceylon, ambacho sasa ni Sri Lanka. Katika mwaka 1942 Mfaransa aitwaye Roger Heim aliukusanya uyoga wote unaoishi na mchwa akauweka katika ukoo mmoja, na huu mdogo akautia humo. Unaota katika Afrika na katika Asia ya kusini, na wenyeji wa huko kote wanaula.

Katika ukoo huo huo yumo pia ndugu yake aliye mkubwa kuliko uyoga wote wa kuliwa duniani. Huyo anaota Zambia, alipewa jina la kitaalamu katika mwaka 1980, na kofia yake yaweza kufikia upana wa meta 1, yaani mtoto aweza kujikinga mvua chini yake. Wetu ni wa mwisho kwa udogo. Pengine ndiyo maana haumo katika orodha za mazao, wala hauna bei maalumu sokoni, wala hakuna anayekuja kuuliza habari zake ofisini.

MCHWA NI WAKULIMA

Ili kuufahamu uyoga huu, inakupasa kwanza ufahamu kazi ya mchwa, maana uyoga huu ni zao lao, si letu.

Mchwa wanaojenga vichuguu hapa kwetu hukusanya majani makavu, mabua, vijiti na mavi ya ng'ombe yaliyokauka. Lakini mtu akidhani kwamba wanakula vitu hivyo wakashiba, amekosea. Mabua makavu ni magumu, na matumbo ya mchwa hawa hayawezi kuyasaga yote. Basi wanafanya kama tufanyavyo sisi tunaporundika takataka ili zioze ziwe mbolea. Wanatafuna, wanameza, na kile kinachotoka tumboni mwao wanakijenga kuwa sega, ndani kabisa ya kichuguu, mahali penye giza na unyevu. Ukivunja kichuguu utaliona. Rangi yake ni ya kijivu au kahawia, limejaa mikunjo na matundu kama sifongo, na ni jepesi mkononi.

Juu ya sega hilo wanapanda ukungu mweupe. Ukungu huo ndio uyoga wenyewe kabla haujatoa kofia. Unaenea ndani ya sega, unalainisha mabua yale magumu, na unatoa vipunje vyeupe vidogo kama chembe za sukari. Mchwa wanakula vipunje hivyo, kisha wanakula sega lenyewe upande uliokwisha lainika, na upande wa pili wanaongeza sega jipya. Mbegu za ukungu zilizomo katika vipunje zinapita tumboni mwao bila kufa, na kwa njia hiyo sega jipya linapandwa papo hapo linapojengwa. Joto la ndani ya vichuguu vikubwa wanalilinda lisipande wala kushuka sana, yapata digrii 30, hata siku za baridi ya mwezi wa Julai tunazozijua sisi tunaokaa chini ya Meru.

Wanapalilia pia. Katika sega mna mbegu za ukungu mwingine, ambao kwao ni gugu. Maadamu mchwa wapo, gugu hilo halionekani. Ukitaka kuamini, jaribu mwenyewe: toa kipande cha sega kibichi, ondoa mchwa wote, kiweke katika kopo safi lenye kifuniko na unyevu kidogo. Baada ya siku chache utaona vitu kama vidole vyembamba vyeupe vinachomoza, ambavyo baadaye hugeuka kuwa vyeusi, na ule ukungu mzuri umefunikwa. Shamba limekosa mwenyewe.

Kazi hii si ya jana. Katika bonde la Rukwa, kusini magharibi mwa nchi yetu, wachunguzi walikuta ndani ya mawe mashimo ya mchwa pamoja na masega yao yaliyogeuka jiwe. Habari hizo zilichapishwa katika mwaka 2016, na umri wa masega hayo ni yapata miaka milioni 25. Hapana mkulima mwingine katika Tanzania anayeweza kutuonyesha shamba la zamani kuliko hilo.

KWA NINI UNAOTA NJE, TENA KWA MAMIA

Uyoga mwingine wa mchwa, ule wenye kofia pana kama sahani, huota juu ya sega likiwa bado chini ya ardhi. Hutoa mzizi mrefu unaopanda mpaka juu, na ukichimba utaufuata mzizi huo, pengine karibu meta nzima, hadi kwenye sega.

Huu mdogo hauna mzizi wa namna hiyo. Mvua zinapoanza, mchwa wa namna fulani huchukua vipande vya sega, wakavitoa nje usiku, wakavitandaza juu ya udongo. Katika siku chache kila chembe ya sega iliyolowa hutoa uyoga. Ndiyo sababu unaonekana umetapakaa kama unga uliomwagika, na ndiyo sababu ni mdogo: chakula chake ni ile chembe tu.

Kwa hiyo usipoteze fedha yako kununua mbegu ya uyoga huu. Hauwezi kupandwa bila mchwa. Watu wenye elimu na vyombo vizuri wamejaribu katika nchi nyingi, na hakuna aliyefaulu kuufanya zao la biashara. Akija mtu na chupa akakuambia ni mbegu ya uyoga wa kichuguu, mwambie akapande kwake kwanza. Mkulima anayetaka kulima uyoga apande uyoga mamama, unaoota vizuri katika mabua ya mahindi na makapi ya maharage yaliyochemshwa. Na maelezo ya kilimo hicho aweza kuyapata kwa Bwana Shamba au Bibi Shamba wake.

JE, MCHWA NI ADUI?

Swali hili linaulizwa katika kila mkutano wa wakulima, na jibu lake ni refu kuliko wengi wanavyopenda.

Ni kweli kwamba mchwa huharibu. Mahindi yaliyokomaa na kuanza kukauka hutafunwa shinani, yakaanguka, na gunzi likifika chini linaliwa. Miche ya mkaratusi ni chakula chao kipenzi, hasa katika miezi ya kwanza baada ya kupandwa. Karanga nazo huharibiwa.

Lakini tazama ni wakati gani wanaharibu. Mahindi machanga yenye afya na maji ya kutosha hawayagusi sana. Wanayafuata yaliyodhoofika kwa ukame, yaliyojeruhiwa kwa jembe, au yaliyoachwa kusimama shambani baada ya kukomaa. Na wanayafuata zaidi katika shamba ambalo mwenyewe amefagia mabua na majani yote akapeleka kwa ng'ombe au akachoma moto. Mchwa asiyekuta bua kavu chini atapanda kwenye bua lililosimama. Atakula nini, ikiwa umemwachia mahindi peke yake?

Basi vuna mapema mahindi yakishakomaa. Yaliyoanguka yainue siku hiyo hiyo. Acha sehemu ya mabua juu ya udongo, kwani pamoja na kuwalisha mchwa yanazuia maji yasichukue udongo wetu huu mwepesi wa volkano. Miche ya miti iwe imara kabla ya kupelekwa shambani, ipandwe mvua zilipokolea, na mizizi isikatwe ovyo. Wengine huweka majivu kuzunguka mche. Yasaidia kidogo, lakini mvua kubwa ikinyesha huna budi kuyaweka tena.

Kichuguu kilicho karibu na nyumba au ghala ni jambo lingine. Hicho chimba umtoe malkia. Kwa mchwa wa vichuguu vikubwa mara nyingi hiyo ndiyo mwisho wa kundi, ingawa namna nyingine za mchwa hupata malkia mpya wakaendelea. Udongo wa kichuguu kilichokufa usiutupe. Katika nchi za Malawi, Zambia na Zimbabwe wakulima huuvunja na kuutawanya mashambani kuwa mbolea, kwa kuwa mara nyingi una chokaa na rutuba zaidi ya udongo wa pembeni.

Kichuguu kilichopo mbali, pembeni mwa shamba au malishoni, mimi kwa upande wangu ningekiacha. Mchwa wanatoboa ardhi maji yakaingia, wanageuza mabua kuwa udongo, na mara moja au mbili kwa mwaka wanakupa kitoweo ambacho hukukilima.

DAWA NA UYOGA

Hapa naomba msomaji asome polepole.

Katika miaka ya 1950 na 1960 dawa zilizotumika sana kwa mchwa katika Afrika ya Mashariki zilikuwa aldrini na dieldrini. Zilisifiwa kwa sababu zinakaa. Ukiziweka ardhini leo, zitakuwamo miaka mingi. Baadaye ikaonekana kwamba hiyo sifa ndiyo ubaya wake, kwa kuwa zinaingia katika mafuta ya mwili wa mnyama na mtu, na katika maziwa ya ng'ombe na ya mama anayenyonyesha. Katika mkataba uliokubaliwa Stockholm mwaka 2001 dawa zote mbili zilitiwa katika zile 12 za kwanza ambazo mataifa yalikubaliana kuziondoa. Ukikuta kopo la zamani lisilo na karatasi ya maelezo katika ghala la marehemu babu, usilifungue, usilimwage, wala usilizike. Toa habari. Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu iko Ngaramtoni, karibu na kwetu kabisa.

Dawa zinazouzwa siku hizi ni nyingine, na nyingi hazikai ardhini muda mrefu kama zile. Hata hivyo dawa ni dawa. Iliyomwagwa juu ya kichuguu inashuka penye masega, na uyoga unaotoka penye masega hayo una njia moja tu ya kupata maji na chakula chake.

Nitasema jambo moja linalonihusu mwenyewe. Nilipokuwa mgeni katika kazi hii, mkulima mmoja alinilalamikia kwamba mahindi yake yanaangushwa na mchwa. Nikamwambia amwage dawa katika vichuguu viwili vilivyokuwa kando ya shamba, na akafanya hivyo. Mahindi yaliendelea kuanguka, kwa kuwa yalikuwa yamekauka siku nyingi na yeye alikuwa hajapata watu wa kumsaidia kuvuna. Dawa haikuwa na la kufanya hapo. Masika yaliyofuata, mkewe alinisimamisha njiani akiwa na ungo umejaa uyoga. Akaniuliza, "Bwana Shamba, huu umetoka pale pale ulipotuambia tumwage ile dawa. Watoto waweza kula?" Sikuwa na jibu. Nilimwambia autupe, naye akautupa mbele yangu, na sikufurahi.

Tangu siku ile nasema hivi: usichume uyoga penye kichuguu kilichotiwa dawa, mwaka huo wala mwaka unaofuata. Na ukitia dawa, lazima uwaambie watu wa nyumbani mwako na majirani wote ambao watoto wao hupita hapo. Weka mti mkavu au kitambaa juu ya kichuguu, watoto wafundishwe maana yake. Kadhalika usichume ukingoni mwa mashamba ya maua na mboga yanayopigwa dawa kila juma, wala penye mifereji inayotoka huko.

NAMNA YA KUUTAMBUA

Uyoga una sehemu nne za kutazamwa: kofia, mguu, vile vipande vyembamba vilivyo chini ya kofia kama kurasa za kitabu (nasi tutaviita kurasa), na mwisho, mahali unapoota. Usitazame moja ukaacha nyingine.

Kofia ya uyoga mdogo wa mchwa ina upana wa nusu sentimeta mpaka sentimeta 2 au 2 na nusu. Mwanzoni ina umbo kama la kofia ya pia, baadaye inafunguka na kupasuka pasuka ukingoni. Ni nyeupe au ya rangi ya malai, na katikati ina nundu ndogo yenye ncha, yenye rangi nzito zaidi, ya kijivu au kahawia. Kurasa ni nyeupe ukiwa mchanga, na zinapata wekundu hafifu sana wa waridi ukizeeka. Haziwi za kijani, haziwi za kahawia, haziwi nyeusi. Mguu ni mweupe, una nyuzi nyuzi, na ukiuvuta unachanika kwa urefu. Hauna pete katikati, wala hauna kikombe chini.

Mahali ndilo jambo kubwa. Unaota juu ya ardhi, kwa mamia, penye mchwa. Chota udongo uliopo chini yake uusugue kiganjani. Utaona chembe za sega, za kahawia, laini. Kama umechota mara tatu mahali mbalimbali na hukuziona, acha.

UYOGA UNAOWEZA KUKUDANGANYA

Upo uyoga mdogo wa kijivu unaoota kwa mamia kuzunguka visiki vinavyooza. Kofia yake ina mikunjo kama mwavuli, na kurasa zake hugeuka kuwa nyeusi. Huo hauna madhara makubwa, bali hauna faida pia. Ni maji matupu.

Wa pili ni mbaya. Ni mdogo, kofia yake ina magamba madogo ya kahawia juu ya weupe, na mara nyingi mguu una pete au alama ya pete iliyopotea. Wataalamu wanauita Lepiota. Baadhi ya namna zake zina sumu ile ile inayoua ini la mtu. Hauoti kwa mamia kama wa mchwa, lakini mmoja mmoja waweza kuchanganyika katika ungo wa mtoto asiyetazama.

Wa tatu huota chini ya miti, hasa miti ya kigeni kama misonobari. Hapa Olmotonyi tunakaa jirani na mashamba makubwa ya miti, na Chuo cha Misitu kipo katikati yetu. Miti ya kigeni ilikuja na uyoga wake katika mizizi, nao babu zetu hawakuujua. Kwa hiyo maarifa ya wazee, ambayo mimi nayaheshimu sana katika uyoga wa kichuguu, hayatoshi ndani ya misonobari. Uyoga mdogo wenye kofia yenye ncha na kurasa za kahawia ulioota chini ya miti usiuguse. Namna nyingi za huo zina sumu ya kutoa jasho, mate na machozi, na kupunguza mapigo ya moyo. Kanuni yangu ni fupi: chini ya msonobari sichumi kitu.

Na kwa wale wanaochuma uyoga mkubwa mweupe wa malishoni, jihadharini na ule ambao kurasa zake hugeuka kijani ukizeeka. Huo haui mara nyingi, lakini unatapisha na kuharisha vibaya, na kwa mtoto mdogo kuharisha kwaweza kuwa kifo.

Ukiwa na shaka, fanya hivi. Kata kofia, ilaze juu ya karatasi nyeupe kurasa zikiwa chini, uifunike kwa bilauri usiku mzima. Asubuhi utakuta vumbi limeanguka. Vumbi la uyoga wa mchwa lina rangi ya waridi hafifu. Vumbi likiwa kijani, kahawia, jeusi au jeupe kabisa, si wenyewe. Lakini ujue kwamba upo uyoga mwingine wenye vumbi la waridi nao una sumu; jaribio hili lakuambia ni upi usile, halikuambii ni upi ule.

Majaribio mengine tunayosikia vijijini hayana maana hata kidogo. Watu husema uyoga wenye sumu hugeuza kitunguu kuwa cheusi, au sarafu ya fedha. Si kweli. Husema ulioliwa na funza au konokono ni salama. Si kweli; konokono hana ini kama letu. Husema ukichemsha na chumvi ukamwaga maji, sumu inatoka. Sumu mbaya kuliko zote haitoki kwa kuchemsha, wala kwa kukausha, wala kwa kukaanga.

MTU AKILA ULIO NA SUMU

Sumu nyingine huanza upesi, katika saa moja mpaka tatu: kutapika, tumbo kukata, jasho jingi. Peleka mgonjwa hospitali.

Ile inayoua inachelewa. Mtu anakula jioni, analala vizuri, na kutapika kunaanza baada ya saa 6 mpaka 12 au zaidi. Kisha, siku ya pili, anapata nafuu. Anaomba uji, watu wanashukuru, wanasema yamepita. Wakati huo ini lake linaharibika, na siku ya tatu au ya nne macho yanakuwa ya manjano. Basi nafuu hiyo isiwadanganye. Mtu aliyeanza kutapika saa nyingi baada ya kula uyoga apelekwe hospitali saa ile ile, hata ikiwa ni usiku, na wote waliokula chungu kimoja naye waende pamoja, hata wasiosikia lolote. Msimpe maziwa wala mafuta kuwa dawa. Chukueni uyoga uliobaki, mbichi au uliopikwa, hata maganda yaliyotupwa jalalani, mkampe daktari.

KUCHUMA, KUPIKA NA KUKAUSHA

Nenda mapema, kabla jua halijakuwa kali, kwa kuwa ifikapo jioni wengi utakuwa umelegea. Chukua ungo au kikapu, usichukue mfuko wa nailoni. Ndani ya nailoni uyoga hutoa jasho na kuoza. Kata mguu kwa kisu kidogo au ukucha ili usibebe udongo, maana kuosha mchanga katika uyoga mdogo namna hii ni kazi ya kumchosha mtu. Acha uliokwisha pasuka na kulainika. Watoto wakichuma, mtu mzima anayeujua autandaze wote juu ya mkeka na kuupitia mmoja mmoja kabla haujaingia jikoni. Najua ni mamia. Upitiwe hivyo hivyo.

Osha kwa maji mengi mara mbili tatu, upesi, usiuloweke. Upikwe siku hiyo hiyo. Kaanga kitunguu na nyanya, tia uyoga, acha utoe maji yake na kuiva vizuri, kisha ongeza karanga zilizosagwa ukipenda. Ugali wake uwe mgumu kidogo. Anayeula mara ya kwanza aonje kidogo tu, kwa kuwa wapo watu ambao matumbo yao hayapatani hata na uyoga mzuri.

Mtu asidanganywe kwamba uyoga umeshika mahali pa nyama na maziwa. Sehemu 9 katika 10 za uyoga mbichi ni maji. Lakini ukikauka, kilichobaki kina chakula kizuri cha kujenga mwili, na katika mwezi wa Aprili, wakati ghala limepungua na mahindi mapya bado, sahani moja ya mboga kama hiyo si ya kudharauliwa.

Ukipata mwingi kuliko wa siku moja, ukaushe. Utandaze juu ya mkeka safi au wavu ulioinuliwa kutoka chini, usirundikane, uufunike kwa kitambaa chepesi kuzuia nzi. Kwa kuwa ni mdogo, jua la siku mbili laweza kutosha. Masika yakificha jua, utundike katika chekeche juu ya jiko, mbali na moshi mwingi. Umekauka ukivunjika kwa kutoa sauti. Utie katika chupa au kopo lenye kifuniko kinachobana, na juu yake bandika karatasi yenye mwezi, mwaka, na kichuguu ulikouchuma.